Filamu ya Mwizi Iliyotengenezwa Milima ya Korogwe

Mtu anayejua Korogwe anajua sura zake mbili. Chini ni mkonge: Kwashemshi, Magunga, Ngombezi, mistari ya mimea yenye miiba inayokwenda mpaka macho yachoke. Juu ni milima ya Usambara, baridi na ukungu. Huko juu, katika kata ya Vugiri, kati ya Machi 1935 na Mei 1937 palikuwa na studio ya filamu. Moja ya filamu zake za mwanzo ilikuwa kisa cha wizi.

Jina lake halikuwa la kutisha hata kidogo: Post Office Savings Bank, yaani Benki ya Akiba ya Posta. Watu wawili wanapokea mshahara. Mmoja anapeleka fedha zake posta. Mwenzake anazifukia ardhini ndani ya kibanda chake, na mwizi anazifukua. Kila kitu kinachofanya filamu ya uhalifu kimo humo: fedha, siri, jicho linalochungulia, hasara. Haikuwa na sauti, ilikuwa nyeusi na nyeupe, tena kwenye utepe mwembamba wa milimita 16 kwa sababu ndio uliokuwa wa bei nafuu. Maneno yalirekodiwa kando kwenye sahani za santuri, ili picha moja iweze kusemeshwa Kiswahili mahali hapa na lugha nyingine mahali pengine.

Aliyeiongoza kazi hiyo ni Leslie Notcutt, na historia yake inaturudisha mashambani. Mwaka 1926 Notcutt alikuwa msimamizi wa mashamba makubwa Afrika Mashariki. Wazo lake la kwanza kuhusu sinema lilikuwa la msimamizi: vibarua wakipata burudani, watatulia na hawatalikimbia shamba. Miaka tisa baadaye wazo hilo lilipata fedha za Carnegie Corporation ya New York, likapata msaada wa wamisionari, na likapewa jina kubwa, Bantu Educational Kinema Experiment. Geoffrey Latham, aliyekuwa mkurugenzi wa elimu ya Waafrika Rhodesia ya Kaskazini, akaja kusimamia upande wa mafunzo.

Ili kuielewa filamu hii lazima tuelewe mshahara wenyewe. Manamba, yaani vibarua wa mkataba, waliokuja kwenye mkonge wa Tanga kutoka Songea, Kigoma na hata Ruanda-Urundi walifanya kazi kwa kipande, yaani kadi ya kazi. Kadi hiyo ilikuwa na siku 30 za kazi, na siku ambayo hukumaliza mgawo wako wa mkonge haikuhesabiwa. Kwa hiyo kipande kimoja kingeweza kuchukua zaidi ya mwezi mmoja kukamilika. Fedha zilipofika mkononi zilikuwa zimetolewa jasho la kweli. Kuzifukia chini ya kitanda hakukuwa ujinga. Mtu aliye mbali na kwao, anayelala kambini na watu asiowafahamu, angemwamini nani?

Kwa maoni yangu, hapo ndipo filamu inapodai kujibiwa. Mwizi wake ni mtu mweusi maskini, na mwenye kosa ni kibarua aliyeficha fedha vibaya. Kipande hakihojiwi. Kwa nini mshahara ulikuwa mdogo kiasi kile, hakuna anayeuliza. Kisa cha uhalifu kilitumika kumwambia mfanyakazi kwamba hatari inatoka kwa jirani yake, na usalama unatoka serikalini.

Uingereza, kwa watawala wenyewe, filamu za uhalifu zilikuwa jambo jingine. Sheria ya mwaka 1927 iliyalazimisha majumba ya sinema kuonyesha kiasi fulani cha filamu za Uingereza, na matokeo yake yalikuwa mafuriko ya filamu za bei rahisi, nyingi zikiwa za wizi na mauaji. Michael Powell, ambaye baadaye alikuja kuwa mmoja wa waongozaji wakubwa wa nchi ile, alijifunza ufundi kwa kutengeneza filamu za namna hiyo miaka ya 1930. Mtazamaji wa London alimwona mwizi kwa raha zake, akaenda kulala. Kwetu wakubwa wa kikoloni waliogopa kwamba Mwafrika akimwona mhalifu kwenye sinema ataiga uhalifu, ndiyo maana filamu kutoka nje zilikaguliwa. Mwizi wa Vugiri alipita kwa sababu alikuja na mahubiri ya posta.

Filamu za Vugiri zilipakiwa kwenye lori pamoja na mtambo wa umeme, zikaonyeshwa Tanganyika, Kenya, Uganda, Rhodesia ya Kaskazini na Nyasaland. Watu walikusanyika kwa maelfu, lakini serikali za Afrika Mashariki zikakataa kuendelea kulipia. Mwaka 1937 kazi ikafungwa.

Kisa chenyewe hakikufa. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika ilidhamini filamu za Kiswahili, na katika Muhogo Mchungu mshamba anaingia Dar es Salaam akakutana na matapeli. Mhusika mkuu aliigizwa na Rashidi Kawawa, aliyekuja kuwa Waziri Mkuu. Nayo Benki ya Akiba ya Posta, iliyoanzishwa mwaka 1925, ndiyo mzizi wa Benki ya Biashara Tanzania tunayoijua leo.

Tulichopoteza ni watu. Walioigiza Vugiri walikuwa wenyeji na wafanyakazi, na majina yao hayakupewa uzito wa kina Notcutt na Latham. Filamu nyingi za Vugiri zimepotea, na chache zilizobaki zimehifadhiwa Uingereza na British Film Institute. Bodi ya Filamu na Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa ziombe nakala zake, zije zionyeshwe Korogwe. Na wewe msomaji wa Vugiri, Bungu au Kwashemshi, kama babu yako aliwahi kusimulia habari za Wazungu waliopiga picha za sinema mlimani, andika alichosema, na jina lake uliweke hapo juu.