Makaroni ya Moto wa Juu

Jumamosi moja mwezi uliopita Mama alinipa shilingi 750 na kuniambia, "Leo upike wewe. Si uko nyumbani tu?"

Hiyo "uko nyumbani tu" ina historia yake. Niliacha chuo nikiwa mwaka wa tatu, karo ikiwa imenishinda na mimi mwenyewe nimechoka kujieleza kwa kila mtu. Nilikuwa nasomea historia. Siku hizi naandika makala za watu kwa malipo, wiki moja pesa inaingia, wiki tatu naangalia simu. Hapa nyumbani Majengo hakuna aliyewahi kunigombeza. Ila Nyanya, mamake Mama, aliacha kunitambulisha kwa wageni kama "mjukuu wangu wa university." Nikawa "huyu kijana."

Basi huyu kijana alikuwa na 750 na watu wanane wa kulisha. Mdogo wangu wa kike alikuwa na jibu tayari. Alikuwa ameona video TikTok, makaroni yaliyookwa, chizi inavutika kama mpira. Nikamwambia chizi peke yake ingemeza nusu ya pesa, na oveni hatuna. Mama, aliyekuwa mlangoni akifunga leso aende kwa biashara yake, akamaliza maneno: "Hicho ni chakula cha wazungu. Pika maharagwe."

Hapo ndipo mimi, msomi niliyeishia njiani, nilipojitia kujua. Nilisema si chakula cha wazungu, ni cha Eastlands. Nikaanza lecture.

Hoja yangu ilikuwa hivi. Mwaka 1941 majeshi ya Uingereza, wakiwemo askari wa KAR kutoka hapa kwetu, yaliwapiga Wataliano Somalia na Ethiopia. Mogadishu ilianguka Februari, Addis Ababa ikafuata Aprili. Maelfu ya wafungwa wa kivita wa Kitaliano waliletwa Kenya. Ukishuka escarpment kwenda Mai Mahiu utaona kanisa dogo kando ya barabara, walilijenga wao mwaka 1942 walipokuwa wakichonga ile barabara. Mmoja wao, Felice Benuzzi, alitoroka kambi ya Nanyuki Januari 1943 pamoja na wenzake wawili, si kwenda kwao bali kupanda Mlima Kenya, kisha wakarudi kambini kwa miguu yao wenyewe. Na hapa karibu, ukipita Shauri Moyo uendelee mbele, kuna Kaloleni, mtaa wa nyumba za mawe wa miaka hiyo ya 1940. Wazee wa Kaloleni watakuambia mikono ya Wataliano ilihusika kuujenga. Kwa hivyo, nikamalizia, makaroni yaliingia Eastlands na wafungwa.

Ni hadithi tamu. Ningeiandika kwenye mtihani ningepata alama nzuri.

Nyanya alikuwa ameketi kwenye kibao chake akichambua mchele, akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza, "Mfungwa alimpikia nani?"

Sikuwa na jibu. "Mama yangu aliwaona hao Wataliano wakipita na malori," akasema. "Aliwaona wakibeba mawe. Hakuniambia hata siku moja kwamba walimpa sahani. Na tambi sisi tulikuwa tukila zamani."

Hapo nikanyamaza, kwa sababu alikuwa amegusa kosa ambalo mwalimu angepaswa kuligusa. Mtu kupita mahali si ushahidi kwamba aliacha chakula chake hapo. Chakula hakihami kwa kupita. Kinahamishwa na mtu anayepika na mtu anayekula, tena si mara moja, mpaka mtoto akizaliwa akikute.

Tuanze na tambi za Nyanya. Kwa watu wa Pwani, na kwa Waislamu wa Majengo ambao jikoni mwao kulifuata ya Pwani, tambi ni zile nyembamba zinazokaangwa kidogo kisha zikaiviswa kwa sukari, iliki, zabibu, na tui kama lipo. Ni chakula cha Ramadhani na cha asubuhi ya Idd. Wahindi wanazo zao zinazofanana, na Bahari ya Hindi imebeba vyungu na mapishi kutoka upande mmoja hadi mwingine kwa karne nyingi. Lakini jina ni letu. Utambi ni ule uzi wa taa ya mafuta, ukiwa mwingi ni tambi. Mtu fulani wa Pwani aliona kile chakula akafikiria taa yake. Wataliano walipokiangalia wakakiita vermicelli, yaani minyoo midogo. Nilipomwambia Nyanya hivyo alicheka mpaka mchele ukamwagika.

Hata hao Wataliano hawakuanza peke yao. Mwaka 1154 mwanajiografia Mwarabu, al-Idrisi, aliyekuwa akifanya kazi katika kasri la Mfalme Roger wa Pili wa Sicily, aliandika kuhusu mji wa Trabia ambako walitengeneza itriyya, tambi za unga wa ngano, nyingi sana, zikapakiwa melini kwenda nchi za Waislamu na za Wakristo. Neno itriyya ni la Kiarabu. Kwa hivyo ukisema "chakula cha wazungu," itabidi useme ni wazungu gani, na walikuwa wamekaa na nani.

Mlango wa pili ni wa Wasomali, na huu hauna utamu. Ibn Battuta alipofika Mogadishu mwaka 1331 alikaribishwa kwa wali uliopikwa kwa samli, juu yake nyama, kuku na samaki, na pembeni ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa. Wali na ndizi. Makaroni hayapo. Yalikuja na ukoloni wa Italia, ulioanza pwani ya Benadir mwishoni mwa karne ya 19. Mwaka 1920 mwana wa ukoo wa kifalme, Luigi Amedeo, alianzisha shamba kubwa kando ya Mto Shabelle, mahali panapoitwa Jowhar leo. Kwenye mashamba ya bonde lile ililimwa miwa, pamba na ndizi, na kadiri miaka ilivyokwenda wenyeji walilazimishwa kufanya kazi humo. Ndizi zilipakiwa kwenda kuuzwa Italia. Kwa upande mwingine, meza za Mogadishu zikaanza kuona baasto.

Wasomali hawakuiacha ilivyo. Mchuzi waliuita suugo, wakautia xawaash, mchanganyiko wao wa viungo wenye bizari nyembamba, pilipili manga, iliki na mdalasini. Kando ya sahani wakaweka ndizi mbivu, uile pamoja. Ile ya kuoka wakaiita baasto foorno, kwa neno la Kitaliano la tanuri. Italia ilirudi kusimamia nchi kwa niaba ya Umoja wa Mataifa kuanzia 1950, ikaondoka 1960 Somalia ilipopata uhuru. Baasto ilibaki. Serikali ilipoanguka 1991 na watu wakakimbia vita, wengi walifika Eastleigh, ambako Wasomali wengine walikuwa wakiishi tangu zamani. Nyumba ya wageni iliyoitwa Garissa Lodge ikageuka kuwa maduka, na mtaa mzima ukafuata. Eastleigh na sisi tunapakana. Mtoto wa Majengo akitumwa dukani Eastleigh anapita vibanda ambako sahani ya baasto na ndizi ni kitu cha kawaida kama githeri.

Kwa hivyo jibu la swali la Nyanya ni hili: mfungwa hakutupikia. Aliyetupikia ni mkimbizi, na kabla yake bibi wa Pwani.

Hiyo haikuniondolea shida ya oveni. Nilikuwa karibu kurudi kwa maharagwe Nyanya aliposema, "Kwani mkate wa sinia huwa tunauoka na nini?"

Kila mtu aliyekulia nyumba kama yetu ameuona moto wa juu na chini. Unaweka sufuria kwenye jiko, unaifunika kwa sinia au bati, kisha unapalia makaa juu ya kifuniko. Jiko lenyewe lilitoka hapa karibu, kwa mafundi wa bati wa Kamukunji na Shauri Moyo, wale wanaopiga nyundo kuanzia asubuhi mpaka masikio yanauma. Mwaka 1985 Rais Moi aliwatembelea Kamukunji wakifanya kazi juani, na jua kali ikaanza kupewa vibanda na nafasi katika mipango ya serikali. Oveni ya Majengo ni kazi ya fundi huyo pamoja na ujuzi wa nyanya yako.

Hii ndiyo hesabu yangu, kama unataka kujaribu. Pakiti mbili za makaroni, 180. Nyama ya kusaga nusu kilo, 300. Nyanya za 40, vitunguu vya 20, karoti na hoho za 20. Maziwa nusu lita, 60. Mayai mawili, 30. Makaa ya 80. Jumla 730. Unga wa ngano, siagi na viungo vilikuwa nyumbani. Ukigawa kwa watu wanane, hata mia moja kwa kila mtu haifiki.

Chemsha makaroni lakini uyatoe mapema, yakiwa bado yanabishana na jino, kwa sababu yataendelea kuiva. Pika nyama na vitunguu na nyanya mpaka mchuzi uwe mzito, tia bizari nyembamba, pilipili manga na mdalasini kidogo. Badala ya chizi, yeyusha siagi vijiko viwili, kaanga unga vijiko viwili humo, mimina maziwa polepole ukikoroga yasifanye madonge. Epua, acha ipoe kidogo, kisha piga mayai uchanganye. Mayai ndiyo yatakayoshika juu na kuwa rangi ya kahawia. Paka sufuria mafuta, panga makaroni, nyama, makaroni tena, maziwa juu.

Kosa langu lilikuwa moto. Nilijaza makaa chini. Nyanya aliinuka, akachukua koleo, akayatoa moja moja. "Chini yahesabike," akasema, "juu yajae." Akabakisha vipande vitano chini, mengine yote akayapanda juu ya sinia. Dakika 30 baadaye tulifunua, na mdogo wangu akapiga picha kabla hatujagusa.

Kuna kitu nilikisoma chuoni ambacho nilikielewa siku hiyo. Luise White, katika kitabu chake cha 1990 kuhusu Nairobi ya ukoloni, anaeleza jinsi wanawake wa Pumwani walivyoishi kwa kuuza malazi, na pamoja nayo chai, maji ya kuoga na chakula kwa wanaume waliotoka kazini. Ni kazi ambayo wajukuu hawapendi kuitaja. Lakini serikali ilipopima Pumwani mapema miaka ya 1920 na kuwaruhusu Waafrika kujijengea kwenye viwanja vya kukodi, wanawake hao walikuwa miongoni mwa waliojenga, kwa akiba ya senti hizo hizo. Mtaa unaitwa Majengo, na sehemu ya majengo hayo ilitoka jikoni. Nilikuwa nimesoma ukurasa huo kwenye maktaba, nikapigia mstari, nikapata alama zangu. Sikuwahi kurudi nyumbani nikamuuliza Nyanya mamake alikuwa akipika nini.

Nilimuuliza Jumamosi hiyo. Alinijibu kwa muda mrefu, na mengine si ya kuandikwa hapa.

Mama aliporudi alikula kimya, akaongeza. Tulimpelekea jirani yetu Msomali sahani moja, na sahani kwetu hairudi tupu. Ilirudi na ndizi mbivu tatu na mtoto aliyetumwa kuuliza nani kapika. Nyanya alikuwa akikwangua ukoko wa pembeni kwa kijiko.

"Mjukuu wangu," akamwambia. "Huyu anayeandika."

Kisha akamenya ndizi moja, akaikata juu ya makaroni yake.