Maua ya Asia yatambaayo: Urembo unaodai mkono imara

Bustani nyingi za Nairobi na Mombasa hazikosi mmea wa maua ulioparamia ukuta au lango. Unaotajwa kwanza huwa ni bogenvilia, na si wachache wanaodhani kwamba uliletwa kutoka Bara Hindi. Ukweli ni kwamba asili yake ni Amerika Kusini. Wafaransa waliukuta Brazil katika miaka ya 1760. Mimea itambaayo ya Asia ni ya koo nyingine kabisa, na anayeichagua kwa kutazama ua pekee hujitafutia hasara.

Ikumbukwe kuwa mmea utambaao hauna shina la kujibeba. Nguvu ambayo mti huitumia kunenepesha shina lake, mmea huu huitumia kurefuka, huku uzito wake ukibebwa na mwingine. Kwa hiyo, swali la kwanza si rangi ya ua bali ni kitu gani kitakachoubeba, na kwa miaka mingapi.

Asumini, yenye asili ya Bara Hindi na nchi jirani, ndiyo mpole kuliko yote. Wakazi wa Lamu na Mombasa hawahitaji kuelezwa habari zake, kwani bila asumini kikuba hakikamiliki. Nchini Ufilipino ndilo ua la taifa tangu mwaka wa 1934, na Wachina hulitumia kutia chai harufu. Kwa kuwa maua yake hufunguka jioni, vikonyo huchumwa kabla ya kuchanua. Mmea wenyewe haujisokoti kwa nguvu; huegemea tu, na hapana budi kuufunga kwenye fito. Upogolewe kila maua yanapokwisha, kwa maana maua mapya hutokea kwenye machipukizi.

Ustawio vyema katika joto la pwani ni ule ambao wataalamu huuita Combretum indicum, ambao zamani ulijulikana kama Quisqualis. Jina hilo la zamani lina kisa. Rumphius, mtaalamu wa mimea aliyeishi Ambon, Indonesia, katika karne ya 17, alisikia Wamalay wakiuita “udani”. Neno hilo lilimkumbusha neno la Kiholanzi lenye maana ya “wa namna gani”, naye akaligeuza Kilatini: “nani, tena gani?” Swali hilo linaufaa mmea huu, kwani ua lake hufunguka jioni likiwa jeupe na kuwavutia nondo wa usiku, kisha hugeuka la waridi, na hatimaye jekundu. Kishada kimoja huweza kuwa na rangi zote tatu. Vikonyo vya majani yaliyopukutika hubaki kama miiba, na ndiyo inayousaidia kushika. Mwenye kuupogoa avae glavu.

Thunbegia yenye maua makubwa ya samawati, kutoka India na Myanmar, ni kisa kingine. Hupendwa kwa kuwa huficha ua wa seng'enge kwa muda mfupi. Hata hivyo, chini ya ardhi huwa na mizizi minene kama viazi, na kipande cha shina kilichotupwa ovyo huweza kuchipuka. Katika jimbo la Queensland, Australia, mmea huu umeparamia misitu na kuifunika miti hadi ikanyimwa mwanga, na umetangazwa kuwa gugu. Afrika Mashariki nayo haina wa kumlaumu: thunbegia yetu ndogo ya rangi ya machungwa, yenye jicho jeusi, ilivuka bahari na kuwa gugu katika nchi za watu.

Wamarekani walijifunza somo hilo kwa gharama kubwa. Kudzu, wenye maua ya zambarau yanukiayo, ulioneshwa katika maonyesho ya Philadelphia mwaka wa 1876 kama pambo kutoka Japani, na watu wa majimbo ya kusini wakaupanda kuleta kivuli barazani. Katika miaka ya 1930 serikali yenyewe iliwahimiza wakulima kuupanda ili kuzuia mmomonyoko wa udongo. Kumbe mmea huo huweza kurefuka takriban sentimita 30 kwa siku! Ulimeza mashamba, nguzo za simu na nyumba zilizohamwa, na kufikia mwaka wa 1953 ulikuwa umeondolewa katika orodha ya mimea iliyopendekezwa.

Malkia wa kundi hili, bila shaka, ni wisteria wa China na Japani, wa jamii ya kunde, ambaye vishada vyake vya zambarau huning'inia kama mizabibu. Huko Ashikaga, Japani, mmoja wenye umri wa zaidi ya miaka 150 umetandazwa juu ya kichanja cha takriban mita 1,000 za mraba. Ulihamishiwa hapo mwaka wa 1996. Mwingine, ulionunuliwa kwa senti 75 za dola, ulipandwa mwaka wa 1894 katika mji wa Sierra Madre, California. Ulielemea nyumba uliyoipamba hadi ikaharibika.

Wisteria hupenda majira ya baridi, hivyo haufai joto la pwani. Anayetaka kuujaribu nyanda za juu autegee kichanja cha vyuma au mbao nzito, mbali na paa na mabomba ya maji. Wa Kichina hujisokota kinyume cha mwendo wa saa na wa Kijapani hufuata mwendo wa saa. Asiyelijua hilo atafunga matawi leo na kuyakuta yamefunguka kesho. Mche uliotokana na mbegu huweza kukaa miaka 10 au zaidi bila ua, kwa hiyo ni heri kununua uliobebeshwa. Maganda na mbegu zake, ambazo watoto huweza kuzidhania maharagwe, zina sumu. Yakatwe kabla hayajakomaa.