Mtetemo Mmoja ni Upi?

Édouard-Léon Scott de Martinville hakukusudia sauti ya binadamu isikike mara ya pili. Alikusudia isomwe. Alikuwa mtu wa viwanda vya uchapaji jijini Paris, msahihishaji wa maandishi kabla hayajapigwa chapa, na mwaka 1849 alikuwa ametoa kitabu juu ya historia ya hatimkato. Mtu wa kazi hiyo alizijua vyema kasoro za kalamu: mwandishi hodari huyadaka maneno, lakini lahani, hasira na pumzi ya msemaji humponyoka. Siku moja, akisahihisha kitabu cha fiziolojia, Scott alikutana na michoro ya sikio. Ikiwa kiwambo cha sikio hutikiswa na sauti, aliwaza, kwa nini kiwambo cha kutengenezwa kisishikishwe kalamu?

Chombo hicho, fonautografu, alikipatia hataza mwezi Machi 1857. Sauti iliingia kwenye mdomo mpana wa kopo, ikatikisa utando mwembamba, nao ukatikisa unywele mgumu wa nguruwe uliogusa karatasi iliyopakwa masizi na kuviringishwa kwenye silinda. Silinda ilizungushwa kwa mkono. Palipopita unywele, masizi yaliondoka, ukabaki mstari mweupe wenye mawimbi. Scott aliamini kwamba watu wangejifunza kuusoma mstari huo kama wanavyosoma barua. Hakuna aliyeweza.

Mkono, hata hivyo, hauzungushi kitu kwa mwendo sawa. Ukiharakisha, wimbi hutanuka, ukilegea, hujikunja. Kwa hiyo Scott akaweka kando ya mstari wa sauti mstari wa pili, uliochorwa na uma wa chuma ambao wanamuziki huugonga kupata sauti ya kuanzia. Uma haujali mkono wa mtu: hutetemeka kwa idadi ileile kila sekunde. Mawimbi yake yalikuwa ndiyo saa ya karatasi. Huenda hii ndiyo sehemu yenye akili zaidi katika kazi yake yote, ingawa wanaomsimulia huitaja kwa kupita tu.

Baadhi ya karatasi zake alizikabidhi Chuo cha Sayansi cha Ufaransa, nazo zikalala. Mwaka 1877 Thomas Edison akatengeneza mashine iliyonasa sauti na kuirudisha. Mwaka uliofuata Scott alichapisha kijitabu chenye uchungu, akidai kwamba kurudisha sauti si kuiandika, na kwamba kuiandika ndiko kulikokuwa jambo kubwa. Alifariki 1879.

Njia ya kuifanya sauti kuwa tarakimu ilibuniwa pia Paris, na haikutokana na mapenzi ya nyimbo. Alec Reeves, mhandisi Mwingereza, alikuwa akihangaika na kelele za simu za masafa marefu: kila kikuza sauti njiani kilikuza na mikwaruzo. Mwaka 1938 aliombea hataza wazo la kupima kimo cha wimbi mara maelfu kwa sekunde na kupeleka vipimo badala ya wimbi lenyewe. Vifaa vya wakati wake havikuweza kulibeba kwa gharama inayostahimilika. Baadaye simu ilikuja kupima mara 8,000 kwa sekunde, na santuri ya CD mara 44,100.

Hayo ndiyo yaliyozifikia karatasi za Scott. Mwezi Machi 2008, watafiti wa kikundi cha First Sounds, wakisaidiwa na wanasayansi wa Maabara ya Taifa ya Lawrence Berkeley huko California, walitoa sauti iliyochorwa tarehe 9 Aprili 1860. Karatasi ilikuwa imepigwa picha za dijitali, mstari ukagawanywa vipande vidogo, na kila kipande kikapewa namba ya kimo chake. Ikasikika sauti nyembamba ikiimba kipande cha Au clair de la lune, kwa sekunde 10 hivi. Magazeti yakasema ni mwanamke au binti. Wengine wakakisia kuwa ni mtoto wa Scott.

Hakuwapo binti. Kompyuta haikukosea hata tarakimu moja. Kosa lilikuwa katika maana ya neno mtetemo. Wanafizikia wa Ufaransa wa karne ya 19 walihesabu mwendo wa kwenda kuwa mmoja na wa kurudi kuwa wa pili, wakati sisi leo tunahesabu kwenda na kurudi kuwa kimoja. Serikali ya Ufaransa ilipoweka kipimo rasmi cha noti ya la mwaka 1859, iliandika mitetemo 870 kwa sekunde; leo noti hiyohiyo huandikwa 435. Namba ya uma wa Scott ilisomwa kwa hesabu ya leo, na saa yote ya karatasi ikaenda mbio mara mbili. Mswahili aliyeambiwa "saa mbili" kwenye simu na ndugu yake wa Tanga, akaiingiza hivyohivyo katika shajara yake ya Kiingereza, anaijua ajali hii.

Mwaka 2009 watafiti hao walijirekebisha wenyewe, kwa uungwana unaostahili kuigwa. Kilichowasaidia si mashine bora zaidi bali usomaji: kurudi kwenye maandishi ya zama hizo na kuuliza mwandishi alimaanisha nini. Kasi ikapunguzwa nusu. Ikatoka sauti ya mwanamume, nzito, akiimba taratibu mno kama anayehofia kalamu isiruke, na inaaminika kuwa ni Scott mwenyewe. Nakala za "binti" hazikurudi zilikotoka. Hadi leo zinasambaa mtandaoni, kwa kasi maradufu.