Sinema Bubu Haikuwahi Kunyamaza

Busia ni mji uliokatwa na mpaka wa Kenya na Uganda. Hadi 1902 pande zote mbili zilihesabiwa kuwa Uganda. Leo filamu ileile ya mapigano huweza kuwafikia watazamaji wa Kenya kwa Kiswahili cha msimulizi DJ Afro, na wa ng'ambo, hadi Tororo, kwa Kiganda cha mwenzake VJ Jingo. Wapo wanaowadharau wasimulizi hawa kuwa wapiga domo wanaochafua kazi za watu. Historia inawatetea: tangu zama za sinema bubu, picha ikionyesha mwanamume anavyopaswa kuwa, fundisho lenyewe limekuwa mdomoni mwa msimulizi.

Tazama Japani. Mwaka 1931 Yasujiro Ozu alitoa *Shukujo to Hige*, filamu bubu ya kuchekesha kuhusu Okajima, mcheza kendo mwenye ndevu za kishujaa na mfuko mtupu. Binti mmoja anamshauri anyoe. Ananyoa, anapata kazi. Je, amestaarabika au amejiuza? Utasema maandishi kwenye skrini yalitosha kujibu. Lakini maandishi hutoa neno bila kebehi yake wala huruma yake. Hivyo vililetwa na benshi, msimulizi aliyesimama kando ya skrini akiwasemea wahusika wote.

Huku kwetu, kati ya 1935 na 1937, mradi wa filamu wa Leslie Notcutt na Geoffrey Latham, wenye makao Vugiri, Usambara, ulitembeza filamu zake hadi Kenya na Uganda. Picha zilikuwa bubu. Maelezo yalitoka kwenye santuri, kwa Kiswahili na lugha nyingine. Filamu moja ilihimiza benki ya posta: aliyefukia fedha zake ardhini aliibiwa, mwenzake aliyeziweka benki akasalimika. Mwanamume kamili, kwa hesabu ya serikali ya kikoloni, alikuwa mwenye akiba.

Pingamizi lipo: santuri ilihubiri kwa niaba ya wakubwa, msimulizi wa leo anatafuta riziki, na hakuna aliyekwenda Tokyo kujifunza. Ni kweli, huu si ukoo mmoja. Ila haja ni moja, kwa kuwa ngumi haihitaji mkalimani, lakini sababu ya kuipiga inamhitaji. Filamu ya Ozu ingalipo. Sauti za benshi walioisimulia mwaka ule zilikwisha ukumbini. Anayehifadhi sinema ya Busia na Tororo akiacha simulizi, atakuwa amehifadhi ndevu na kumpoteza Okajima.