Kufuli ya Mlango na Kufuli ya Mwili

Katika Bonde la Ufa, toka Naivasha hata Nakuru, kama kwingineko nchini Kenya, chang'aa imeliza nyumba nyingi. Mwaka 1980 sheria iliipiga marufuku. Lakini wapishi wake walijificha, na wengine wakaitia methanoli, sumu ipofushayo na kuua. Mwaka 2010 Mbunge wa Naivasha, Bwana John Mututho, alileta Bungeni sheria mpya. Hiyo iliondoa marufuku, ikaagiza chang'aa itiwe katika chupa zenye lebo, na baa zisifunguliwe siku za kazi kabla ya saa kumi na moja jioni. Watu wakaiita Sheria ya Mututho.

Sheria yaweza kufunga mlango wa baa. Je, kiu ya mlevi itafungwa na nani? Wahenga walisema, mazoea yana taabu.

Jibu moja lilitoka mbali. Katika miaka ya 1960 wataalamu wa Marekani walitengeneza naltreksoni, dawa izuiayo nguvu za afyuni na heroini. Ndani ya ubongo mna vipokezi, mfano wa matundu ya kufuli. Heroini huingia humo kama ufunguo, na mtu huona raha. Naltreksoni hutangulia kuyaziba matundu hayo, hata heroini ikija haipati pa kuingia. Mwaka 1984 Marekani iliikubali kwa waraibu wa heroini.

Msomaji atauliza: mlevi wa chang'aa ana nini na dawa ya heroini? Ajabu ni kwamba mwili wenyewe hutengeneza vitu vilivyo jamaa ya afyuni, na pombe huviamsha. Matundu yakizibwa, utamu wa pombe hupungua, na tamaa nayo. Kwa hiyo mwaka 1994 Marekani iliiruhusu kwa walevi pia, na mwaka 2023 Shirika la Afya Duniani likaitia katika orodha ya dawa muhimu.

Hata hivyo, dawa hii si hirizi. Akiimeza mtu aliye bado na heroini mwilini, hupatwa na mateso makali ghafula. Na aiachaye, kisha akarudia kipimo chake cha zamani cha heroini, aweza kufa, kwa kuwa mwili umekwisha kukisahau. Ndiyo maana hutolewa kwa uangalizi wa daktari.

Basi sheria hulinda mlango wa baa, na dawa hulinda mlango wa mwili. Lakini mwenye kumeza kidonge kila siku ni mtu mwenyewe, na asipokuwa na jamaa wa kumshika mkono, kufuli zote mbili hufunguka.