Sauti Moja, Nyumba Mbili: Maisha ya Jester Hairston na Deni Letu

Kila Desemba, kabla hata shule hazijafungwa, wimbo mmoja hurejea mitaani kwetu. Unausikia katika maduka ya Kariakoo, ndani ya daladala, na jioni katika mazoezi ya kwaya. Ni "Mary's Boy Child". Vijana huujua kwa sauti za kundi la Boney M., lililoutoa mwaka 1978. Wazee humkumbuka Harry Belafonte, aliyeurekodi mwaka 1956. Ni wachache mno wanaomjua aliyeutunga, nami kwa miaka mingi sikuwa miongoni mwao. Aliitwa Jester Hairston. Alikuwa mwalimu wa muziki, kiongozi wa kwaya, mwimbaji na mwigizaji. Alizaliwa mwaka 1901 katika jimbo la North Carolina, Marekani, akafariki Los Angeles Januari 2000, akiwa na umri wa miaka 98.

Niliyaleta maisha yake darasani katika semina ya historia ya Wamarekani Weusi, nikitarajia mjadala mwepesi kuhusu muziki. Mwanafunzi mmoja aliyeketi nyuma aliniuliza: "Mwalimu, mtu huyu aliulinda utu wa watu wake au aliuuza?" Nilijibu kwa maneno mengi yasiyokuwa na jibu ndani yake. Makala haya ni jaribio langu la kulipa deni hilo.

Tuanze na safari yake. Babu na bibi zake Hairston walikuwa watumwa wa mashambani. Yeye mwenyewe alikulia karibu na Pittsburgh, katika mji wa viwanda vya chuma. Alianza masomo ya juu katika chuo cha kilimo huko Massachusetts, lakini fedha zikamwishia, akalazimika kuacha. Baadaye alipata mfadhili aliyemwezesha kusoma muziki katika Chuo Kikuu cha Tufts, zama ambazo wanafunzi weusi chuoni hapo walikuwa wa kuhesabika kwa vidole. Kutoka hapo alikwenda New York, akasoma katika shule ya muziki ya Juilliard, kisha akajiunga na kwaya mashuhuri ya Hall Johnson.

Kuna kisa ambacho Hairston mwenyewe alipenda kukisimulia. Alipofika katika kwaya ile alikuwa na lafudhi ya wasomi wa Boston, na alikuwa akijivunia. Hall Johnson alimkemea. Alimweleza kwamba nyimbo walizokuwa wakiimba zilitungwa na watumwa, na kwamba anayeziimba kwa matamshi ya mabwana anaziharibu. Kijana aliyevuka milima na mabonde ili aupate usomi akaambiwa arudi akajifunze matamshi ya bibi yake. Alitii, na kuanzia hapo nyimbo za kiroho za watumwa zikawa kazi ya maisha yake. Alizikusanya, akazipangia sauti, akazifundisha.

Msomaji aliweke kisa hicho moyoni, maana ndicho ufunguo wa yote yanayofuata. Ndani ya kwaya ya Hall Johnson, lahaja ya watumwa ilikuwa na heshima ya maandiko. Lakini lahaja hiyo hiyo ilikuwa na kazi nyingine mahali pengine.

Kwaya ya Hall Johnson ilialikwa Hollywood kuimba katika filamu ya The Green Pastures, iliyotoka mwaka 1936. Mwaka uliofuata ikatoka Lost Horizon, ambayo muziki wake ulitungwa na Dimitri Tiomkin, naye Hairston akashiriki katika kazi ya kwaya. Huo ulikuwa mwanzo wa ushirikiano uliodumu miaka mingi. Mara nyingi Tiomkin alipohitaji kwaya, Hairston ndiye aliyeziandaa sauti. Baadaye alikuwa miongoni mwa waliounda kwaya za filamu zilizochanganya waimbaji weusi na weupe, jambo ambalo halikuwa la kawaida Hollywood wakati huo.

Hata hivyo, kazi ya kwaya katika filamu haikuwa ya kila siku. Mwanamuziki alilipwa kwa filamu iliyokuwapo, na filamu ikiisha, malipo nayo huisha. Kwa hiyo Hairston aliigiza. Katika uhakiki wa fasihi tunazungumza juu ya mhusika bapa, yule asiyebadilika, asiye na jana wala kesho, aliyewekwa tu ili mhusika mkuu aonekane. Wahusika wa namna hiyo ndio waliokuwa riziki ya mwigizaji mweusi wa enzi ile. Hairston aliigiza Mwafrika wa porini katika filamu za Tarzan. Aliigiza mtumwa katika The Alamo ya mwaka 1960. Aliigiza mtumishi wa nyumbani katika In the Heat of the Night ya mwaka 1967. Redioni, kisha kwenye televisheni, alishiriki katika Amos 'n' Andy, mchezo wa vichekesho ulioanzishwa redioni na Wazungu wawili walioigiza sauti za watu weusi.

Mchezo huo ulipohamia kwenye televisheni mwaka 1951 ukiwa na waigizaji weusi, NAACP, chama kikongwe cha kutetea haki za Wamarekani Weusi, kiliupinga hadharani. Hoja yake ilikuwa nzito: mamilioni ya watazamaji weupe, ambao hawakuwa na jirani mweusi wa kumlinganisha na walichokiona, wangeamini kwamba mtu mweusi ndivyo alivyo. Waigizaji nao walikuwa na hoja yao. Ni wapi pengine ambapo watu weusi wengi kiasi hicho wangepata kazi ya kuigiza? Anayekataa nafasi hiyo aende wapi? Sioni hoja ya kipuuzi katika pande hizo mbili, na kwa sababu hiyo swali la mwanafunzi wangu haliishi kwa kuchagua upande mmoja.

Sasa tumtazame Hairston akiwa darasani. Kwa miongo mingi alisafiri kutoka mji hadi mji akifundisha kwaya za shule na vyuo. Katika miaka ya 1960 aliongoza matamasha yaliyokusanya mamia ya wanafunzi wa sekondari wakiimba pamoja. Hakuwa akifundisha noti pekee. Kabla ya wimbo alieleza ulikotoka, waliouimba walikuwa nani, na walificha nini ndani ya maneno yanayoonekana mepesi. Vijana wa Kizungu waliomwona kwenye televisheni akichekesha walijikuta mbele ya msomi wa Juilliard akiwafundisha kutamka maneno ya watumwa kwa adabu. Lahaja ilikuwa ile ile, na kinywa ni kile kile. Kilichobadilika ni aliyekuwa na mamlaka ya kueleza maana yake. Studioni, maana iliamuliwa na mwandishi na mwelekezi wa filamu. Darasani, iliamuliwa na mwalimu.

Serikali ya Marekani nayo iliuona uwezo wake. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Wizara ya Mambo ya Nje ilimfanya balozi wa nia njema, akawa anakwenda nje ya nchi, Afrika ikiwemo, kufundisha nyimbo za watumwa. Hapa pia palikuwa na mtihani. Mwaka 1961 ndio mwaka ambao vijana waliopanda mabasi kupinga ubaguzi walipigwa kikatili Alabama. Mei 1963, wakuu wa nchi za Afrika walipokutana Addis Ababa kuunda Umoja wa Nchi Huru za Afrika, Milton Obote wa Uganda alimwandikia Rais Kennedy barua ya wazi kulaani mateso waliyokuwa wakiyapata watu weusi wa Birmingham, waliofukuzwa kwa mbwa na mabomba ya maji. Marekani ya Vita Baridi ilihitaji uso mweusi wenye tabasamu wa kuwaonyesha Waafrika. Hairston aliubeba uso huo, lakini nyimbo alizozibeba pamoja nao zilikuwa ushahidi dhidi ya taifa lililomtuma. Huwezi kumfundisha mtu wimbo wa mtumwa bila kumwambia kwamba palikuwa na utumwa.

Mwaka huo huo wa 1963 ilitoka filamu ya Lilies of the Field, ambamo Sidney Poitier anawafundisha masista kuimba "Amen". Kwa filamu hiyo Poitier alikuwa mwanamume mweusi wa kwanza kupata tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora. Mpangilio wa wimbo ule ulikuwa wa Hairston, na sauti inayosikika ikiimba si ya Poitier bali ni ya Hairston. Dunia ilimwona mtu mweusi mwenye heshima akifundisha muziki, kumbe mwalimu halisi wa muziki alikuwa nyuma ya pazia, ambako kamera haikufika.

Nafika sasa mahali ambapo ningependa kunyamaza, lakini haki hainiruhusu. Kabla ya kuwa mhadhiri nilikuwa mwalimu wa sekondari. Nilifundisha historia na kuongoza kwaya ya shule. Mshahara haukufika tarehe ishirini, hivyo Jumamosi nilikwenda kuigiza katika mchezo wa redio. Nafasi yangu ilikuwa ya mlinzi wa getini, mtu wa bara asiyetofautisha "l" na "r". Nilijua kuichezea lafudhi ile mpaka watayarishaji wakashika mbavu. Fedha niliyolipwa ilinunua unga na daftari za wanangu, wala siionei haya.

Katika kwaya yangu alikuwamo kijana mwenye sauti ya pili ambayo sijaisikia tena mfano wake. Alitoka bara, na "l" yake ilikuwa "r". Jumatatu moja wenzake walianza kumwita kwa jina la mlinzi wangu. Ndani ya mwezi mmoja aliacha kuimba peke yake. Ndani ya muhula aliacha kwaya. Hakunilaumu. Aliendelea kuniamkia "Shikamoo, Mwalimu" kwa adabu ile ile, akiitamka taratibu, akilinda kila herufi. Niliacha mchezo ule mwishoni mwa mwaka, lakini yeye hakurudi.

Ninapomtazama Hairston, basi, siwezi kumhukumu kutoka kwenye kiti cha juu. Lakini pia siwezi kumwondolea deni kwa kusema tu kwamba alikuwa na njaa. Picha za Tarzan hazikuishia Marekani. Zilifika katika majumba ya sinema ya Afrika Mashariki, na Waafrika wakalipa kiingilio kumwona Mwafrika wa kubuni akikimbia huku na huko bila lugha yenye maana. Madarasa yake yaliwafikia maelfu. Picha zile ziliwafikia watu wengi zaidi, bila mwalimu wa kusimama kando na kueleza.

Jibu langu kwa mwanafunzi yule ni hili. Hairston hakuuza utu wa watu wake, kwa kuwa utu ule haukuwa mali yake ya kuuza. Alichokodisha ni sauti yake, katika soko lililokuwa na mnunuzi wa aina moja tu. Na kwa muda wote aliokuwa akiikodisha, alitumia maisha yake mengine kurudisha maana iliyochukuliwa. Marejesho hayo hayakufuta hasara, lakini bila ya hayo hasara ingekuwa kubwa zaidi, na sisi tusingekuwa na nyimbo nyingi tunazoziimba leo. Hata wimbo wetu wa Desemba ulianza kama kitu kidogo cha siku ya kuzaliwa, alichokitunga kwa ajili ya rafiki yake kwa mahadhi ya Karibiani, kabla hajaugeuza kuwa wa Krismasi.

Alipokuwa na umri wa miaka themanini na zaidi, Hairston alipata nafasi katika mchezo wa televisheni ulioitwa Amen, uliorushwa kuanzia mwaka 1986 hadi 1991. Ulikuwa mchezo wa kuchekesha kuhusu kanisa la watu weusi mjini Philadelphia. Aliigiza mzee wa kanisa mwenye ulimi mkali, mwenye marafiki, mwenye kupenda na kupendwa. Watu bado walicheka, ila safari hii mhusika alikuwa na jana na kesho. Nusu karne ilipita kati ya mhusika yule na wale wa mwanzo, na muda huo haukupita wenyewe. Kulikuwa na walioandamana, walioandika, walioshitaki, na waliofundisha.

Kwa wanafunzi wangu na watumishi wa umma wanaosoma hapa, nina ombi moja. Washeni redio au televisheni jioni ya leo, msikilize mlinzi na mfanyakazi wa ndani katika vichekesho vyetu wanazungumza kwa lafudhi ya wapi. Kisha muulizeni aliyeandika, na wewe uliye na kalamu ya kupitisha bajeti ya sanaa na mitaala ujiulize: je, lafudhi hiyo ina darasa lolote nchini ambamo inafundishwa kwa heshima? Hairston alikuwa na darasa la kurudi. Mwalimu wa sekondari anayeigiza Jumamosi ili mwezi umfikishe mwisho, kwaya yake ikiwa haina chumba wala kinanda, hana pa kurudi.

Kijana wangu wa sauti ya pili sasa ni mtu mzima, na sijui kama bado anaimba. Desemba ikifika na wimbo ule ukaanza, huwa namsikiliza yeye.