Siri ya Delft na tone la London

Antoni van Leeuwenhoek wa Delft, Uholanzi, husifiwa kwa lenzi zake za ajabu, nami naona sifa hiyo imewekwa pasipo pake. Mwaka 1674 muuza vitambaa huyu, asiyejua Kilatini cha wasomi wa enzi yake, alichota maji ya ziwa la Berkelse Mere, mwendo wa saa mbili hivi kutoka mjini, akaona humo nyuzi za kijani zilizojisokota na vijidudu vikizungukazunguka. Akaiandikia Jumuiya ya Kifalme ya London. Barua yake ya Oktoba 1676 ikataja viumbe wadogo zaidi, aliowakuta katika maji yaliyolowekwa pilipili manga, na hapo ndipo wasomi waliposita. Yeye hakutaka kufichua namna anavyotazama. Badala yake alituma ushuhuda wa watu wanane waliokuja kuchungulia kwake, wachungaji wakiwemo. Ushahidi wa aina hiyo hufaa kwenye kesi ya mirathi. Shaka iliondoka Novemba 1677, mwanajumuiya Robert Hooke alipoloweka pilipili yake mwenyewe, akalinyonya tone kwa kijibomba chembamba cha kioo, wanajumuiya wakajionea.

Kuna atakayesema kwamba bila lenzi za Delft, Hooke asingejua hata atafute nini. Ni kweli, utangulizi ni wa Leeuwenhoek na hakuna wa kumpokonya. Ila siri yenyewe haikuwa nzito kama alivyoilinda. Mwaka 2021 watafiti walipitisha miale ya nyutroni katika hadubini yake iliyohifadhiwa Utrecht, inayokuza takriban mara 270, wakakuta ndani kijigololi cha kioo kilichoyeyushwa kwa njia inayolingana na ile aliyoieleza Hooke katika Micrographia, kitabu cha mwaka 1665! Hooke aliijua njia hiyo ila hakuipenda, maana lenzi za namna hiyo zilimchosha macho. Kilichomtofautisha Leeuwenhoek, basi, ni subira ya kukodolea macho tone moja la maji.

Karne iliyofuata mtafiti wa viumbe, Abraham Trembley, alikuwa na dai gumu zaidi kuaminika: haidra, kiumbe mdogo wa maji ya mitaroni, ukimkata vipande viwili, kila kipande huwa haidra mzima. Yeye hakutafuta wachungaji wa kumshuhudia. Katika miaka ya 1740 alituma haidra hai kwa mwanasayansi Réaumur huko Paris, kisha London, pamoja na maelezo ya kuwatunza, na waliobisha wakachukua mikasi.